Mmarekani Hajui Kihispania

Madrid, 18 Februari 1975

Baba mdogo Saturio,

Pokea salamu zangu. Sisi ni wazima kwa kadiri ya baridi hii. Mama ameanza mfungo kwa bidii ambayo sidhani kama Mungu mwenyewe aliiomba. Anakula dengu mchana na jioni, kisha anaketi kunitazama ninavyokula mimi. Anamsalimu mama mdogo Remei, na anauliza kama kanari wenu bado anaimba.

Barua hii haiji kwa posta. Inaletwa na binamu yetu Domnino, ambaye siku hizi anahudumu kwenye behewa la chakula la treni ya Barcelona. Nakuomba ukishaisoma uichome.

Kazi yangu unaijua. Nakaa nyuma ya chumba cha kutazamia sinema, chini ya taa ndogo, nikiandika yanayosemwa na mabwana watatu wanaoamua nchi itazame nini na isitazame nini. Kuna Don Práxedes, mkuu wangu; kuna padri Ulpiano; na kuna kanali mmoja mstaafu ambaye hulala mpaka zianze risasi. Wiki iliyopita hatukutazama sinema ya kawaida. Tulitazama filamu iliyokamatwa mpakani ndani ya gari lililotoka Ufaransa. Haina waigizaji. Inaonyesha wazee wamesimama kando ya mfereji mkubwa wa maji huko kusini, mfereji waliouchimba wakiwa wafungwa baada ya vita vyetu vya wenyewe kwa wenyewe. Wao hawasemi mengi. Anayesimulia ni mtu mmoja asiyeonekana.

Niliitambua sauti hiyo kabla ya sentensi ya kwanza kwisha.

Mabwana nao waliitambua, ila hawakujua wameijulia wapi.

"Huyu mtu namjua," akasema padri. "Ndiye aliyekuwa akisoma tafakari za Kwaresima redioni."

"Padri, zile tafakari hukuzisikiliza. Ulikuwa unakoroma, mimi nilikuwepo," akasema Don Práxedes.

"Basi ni yule daktari wa redio. Wa vidonge vya tumbo."

"Daktari wa vidonge ana kithembe. Huyu namjua kama ninavyomjua shemeji yangu, na simpendi vilevile."

Kanali akafumbua macho. "Nyie hamsikii? Huyu ni yule Mmarekani wa sinema. Wa farasi mweupe."

Walicheka mpaka padri akavua miwani. "Kanali wangu," Don Práxedes akamwambia, "Mmarekani hajui Kihispania." Kanali naye akacheka, akasema uzee ni mzigo. Mimi pia nilicheka, kwa sababu asiyecheka huonekana.

Kisha sauti ikasema habari za Gervasio wa Soria, aliyechimba pale akielekezewa bunduki mgongoni, akarudi nyumbani kwenye theluji na kifua kibovu, akafa. Baada ya jina lile pakawa na kimya kirefu. Nilidhani utepe umekatika.

Mimi niliambiwa kwamba baba alikwenda kusini kufanya kazi. Sikuwahi kuambiwa kazi gani. Nimeyajua hayo ofisini, saa za kazi, nikiwa nyuma ya shingo ya kanali, na ilinipasa kuyaandika. Niliyaandika. Mwandiko wangu ulikuwa mzuri kama siku zote; niliutazama baadaye nikashangaa.

Taa zilipowashwa Don Práxedes akanigeukia. "Arnedo, wewe una masikio ya kijana. Nitafutie mwenye sauti hii."

Baba mdogo, niambie kwamba nimekosea.

Mwanao,
Evelio

*

Barcelona, 20 Machi 1975

Mwanangu Evelio,

Mimi na Remei hatujambo. Kanari anaimba, ila amepata upara kichwani, na Remei anasema amenifuata mimi. Mwambie mama yako hivyo.

Kazi ipo nyingi. Mmarekani wetu ametoa sinema mpya, mimi namtilia maneno ya Kihispania kama kawaida, na wiki hii nimekufa mara tatu kabla ya chakula cha mchana, kwa sababu fundi wa sauti hakupendezwa na ninavyokufa. Ya kwanza aliniambia nimekufa kama karani wa benki. Ya pili, kama mwimbaji wa opera. Ya tatu alikuwa na njaa, akaipitisha.

Juzi nilikuwa kwa muuza samaki. Nikaomba dagaa. Bibi mmoja aliyekuwa mbele yangu akageuka ameshika moyo, macho yamemtoka. Aliponiona na kofia yangu na mfuko wangu wa vitunguu, akapoa. "Lo, kumbe ni wewe tu," akasema. Miaka ishirini na tano ya kazi, mwanangu, na hiyo ndiyo sifa kubwa niliyowahi kupewa.

Mambo mengine uliyoyaandika sikuyaona vizuri. Mwandiko wako ni mdogo na tanuri letu lina moto mkali. Kama masikio yanakusumbua, tia mafuta ya zeituni ya vuguvugu, na usiyatumie sana kazini.

Umri wako ni wa kuoa. Pale Madrid hakuna wasichana?

Akubusuye,
Baba yako mdogo, Saturio

*

Madrid, 6 Mei 1975
(kwa mkono wa Domnino)

Baba mdogo,

Natumai mko salama, na kanari ameota manyoya. Mama amepona kikohozi. Amefua mapazia yote ya nyumba na sasa tunaonekana kutoka barabarani mpaka yakauke. Anamsalimu mama mdogo.

Barua yako niliipata. Nilielewa kwamba hutaki kusema. Mimi nalazimika kusema.

Wamenipa chumba kidogo, mashine ya kunasia sauti na utepe wenye maneno yako. Asubuhi nasikiliza utepe, baadaye nasikiliza redio. Alasiri natumwa kwenye majumba ya sinema na tamthilia nikalinganishe. Nakusikia wewe mchana kutwa. Mwanzoni mikono ilikuwa ikitetemeka. Sasa haitetemeki. Kuna siku maneno ya mfereji yanapita masikioni kama bei za sokoni, na hilo linanitisha kuliko kutetemeka.

Jumapili Don Práxedes alinialika niende na familia yake kwenye sinema. Sikuweza kukataa. Ilikuwa ile mpya ya Mmarekani wako. Niliketi kati ya mkuu wangu na binti yake mdogo aliyekuwa akitafuna mbegu za alizeti na kunitemea maganda kwenye kiatu. Ulipoanza kuongea, jasho lilinitoka hadi kwenye soksi. Nilingoja mkono wake uniguse begani.

Ulipokufa, Don Práxedes alilia. Alilia kweli, baba mdogo, kwa leso. Mkewe akamwambia, "Práxedes, watu wanatuona." Akamjibu, "Waache waone. Mtu mwenye sauti kama ile hawezi kuwa mwongo." Jumatatu asubuhi akaja mlangoni kwangu akauliza, "Vipi Arnedo, yule mwanaharamu wa mfereji umempata?"

Haimpitii akilini. Kwake yule wa sinema ni Mmarekani. Amemwona mdomo ukicheza.

Lakini kanali anaweza kulirudia lile neno lake siku ambayo hakuna atakayecheka. Mama mdogo ana ndugu upande wa pili wa mpaka. Nendeni mkatembee. Semeni ni kwa ajili ya kifua, ni kwa ajili ya maji ya madini, semeni lolote. Nitatakiwa kutoa taarifa yangu mwisho wa kiangazi. Wakigundua jina lako, watalisoma mara mbili, kwa kuwa ni langu pia.

Mama hajui kitu. Sijamwambia kwamba namjua baba sasa.

Evelio

*

Barcelona, 30 Juni 1975

Mwanangu,

Domnino atakupa hii akimaliza kugawa supu njiani. Ile yako ilinifikia ikinuka vitunguu saumu, lakini ilifika.

Sote wazima. Remei anasema hatoki Barcelona kwenda kunywa maji ya madini wakati ya bomba hayajamshinda.

Naam, ni mimi. Sasa umelipata, likae.

Padri wa parokia yetu, mzee Oleguer, alinijia na karatasi na mashine ndani ya mfuko wa kanzu. Sikumuuliza walioitengeneza filamu ni akina nani, nao hawakuambiwa mimi ni nani. Ndivyo ilivyopangwa, ili mmoja akipigwa asiwe na jina la kutaja. Niliingia kwenye kabati la nguo, katikati ya makoti ya Remei, kwa sababu makoti hunywa mwangwi. Remei akafunga mlango, akakaa jikoni kupiga sufuria ili jirani asisikie. Nilisoma nikiwa na tochi mkononi, na mdomoni kila nilipogeuza karatasi. Nilitoka nanuka dawa ya nondo kama koti la marehemu. Oleguer akachukua utepe. Baadaye walimhamishia Venezuela, na Pasaka hii tumesikia amefia huko. Kwa hiyo hakuna anayejua ila mimi, Remei, na wewe.

Tangu ujana nimekuwa mdomo wa watu wengine. Nimekuwa mfalme, jambazi, daktari na mbwa mmoja. Jina langu halijawahi kuandikwa kwenye kitambaa cha sinema hata kwa herufi za mchwa. Sikulalamika, chakula kilipatikana. Lakini mle kabatini nilisoma kwa sauti niliyozaliwa nayo.

Jina la baba yako halikuwamo katika karatasi. Niliongeza mimi.

Unauliza kwa nini nilinyamaza baada ya kulitaja. Hukuuliza, lakini najua unauliza. Sitakujibu.

Sihami. Nikikosekana kazini wiki hii, wiki ijayo watauliza kwa nini Mmarekani amebadilika. Wewe usiseme kitu, si kwao wala kwa mama yako. Hasa kwa mama yako.

Saturio

*

Madrid, 1 Oktoba 1975

Baba mdogo,

Kesho ni siku ya somo wako, Mtakatifu Saturio. Nakutakia heri. Mama ametuma siagi ya Soria kwa Domnino; amesema ni ya mama mdogo Remei, lakini nadhani na wewe unaweza kupakaa kidogo.

Kuhusu wale watano waliopigwa risasi na serikali Jumamosi sitaandika. Hapa ofisini hakuna aliyewataja. Watu walizungumza sana juu ya mvua, na mvua yenyewe haikunyesha.

Taarifa yangu nimeitoa. Nimeandika kwamba sauti haikutambuliwa na kwamba huenda ni ya mtu anayeishi nje ya nchi. Don Práxedes aliisoma amesimama. "Nilijua," akasema. "Mhispania wa hapa hapa hawezi kusema vile." Akatia sahihi, akaniuliza kama nimeshakunywa kahawa.

Nilidhani nitafurahi. Nilirudi kwenye chumba changu nikakuta mashine bado inazunguka, utepe umekwisha, ncha yake inapiga kwa kila mzunguko. Niliiangalia muda mrefu kabla ya kukumbuka kuizima.

Nyumbani mama aliniuliza kazi ilikuwaje. Nikasema ya kawaida. Yeye akaniuliza supu ikoje. Nikasema nzuri. Ndivyo tunavyoishi, na sina hakika ni nani kati yetu anamficha mwenzake.

Nadhani ni bora tuache barua za Domnino kwa sasa. Tutatakiana Krismasi kwa posta.

Mwanao,
Evelio

*

Barcelona, 27 Januari 1978

Mwanangu Evelio,

Kadi zetu za Krismasi zimekuwa fupi kiasi kwamba posta wanazipeleka kwa huruma. Leo nakuandikia barua. Na naitia posta, maana Domnino amestaafu, na watu wanasema tangu yule Jenerali aliyetutawala afe barua hazifunguliwi. Kama wewe unayefungua hii si Evelio, salamu kwako pia.

Remei anaumwa magoti. Kanari amekufa, tulimzika kwenye chungu cha mnanaa na Remei hataki tena kuutumia mnanaa ule. Mimi koo limekwisha. Halina ugonjwa, limezeeka tu, linakwaruza kama kiti kikivutwa. Mwaka juzi waliihamishia kazi ya Mmarekani Madrid wakampa mtu mwingine, Lisardo Viciana. Nimemsikia. Anafanana nami, lakini anakufa vizuri zaidi.

Nakutumia kipande cha gazeti. Utaona kwamba filamu ya mfereji sasa inaruhusiwa, na itaonyeshwa kwenu kwa heshima zote. Utaona picha ya Lisardo Viciana. Utaona wanavyosema kwamba yeye ndiye aliyethubutu kuisimulia katika miaka ile migumu. Hao wa filamu wamesadiki. Mwenye sauti hawajawahi kumwona, na sauti zetu ni ndugu.

Nilicheka. Remei alitupa gazeti kwenye makaa, akalitoa tena kwa koleo, ndiyo maana limeungua pembeni.

Naweza kwenda mwenyewe kusema ni mimi. Nitaonekana mtu wa pili anayedai, tena mzee asiye na sauti ya kuonyesha. Wangeniambia, soma basi tusikie, nami ningekwaruza. Oleguer amekufa. Remei ni mke wangu. Ushahidi wa mke ni kama chumvi ya jirani, hauhesabiwi.

Uliyenitambua ni wewe, tena kwa kazi ya serikali.

Sikuombi. Nakuarifu tu.

Saturio

*

Madrid, 3 Machi 1978

Baba mdogo mpendwa,

Nimechelewa kujibu, uniwie radhi. Mama amekuwa na mtoto wa jicho. Daktari anasema watamkata jicho la kushoto kwanza, naye anasema la kushoto ndilo analolipenda, waanze na la kulia. Tumesikitika kwa kanari. Pole sana kwa magoti ya mama mdogo.

Baridi imeisha mapema. Mtaani kwetu wamepanda miti.

Kipande cha gazeti nilikipata. Baba mdogo, mimi bado niko kwenye ofisi ileile. Mlangoni wamebandika jina jipya la ofisi, lakini bandiko ni fupi kuliko la zamani na herufi za pembeni zinaonekana. Don Práxedes bado ni mkuu wangu. Amekata masharubu. Yeye ndiye msimamizi wa sherehe ya filamu ile, na amenipa kazi ya kumpokea bwana Viciana na maua.

Nikisema kwamba nilikutambua, wataniuliza lini. Nikisema lini, wataniuliza kwa nini niliandika nilichoandika. Nilisema uongo katika kazi ya serikali, na hakuna aliyeniambia kama uongo wa wakati ule umesamehewa au bado ni uongo. Nimejaribu kuuliza kwa kuzungukazunguka. Mwenzangu mmoja aliniambia, "Evelio, mbwa amelala, wewe unamtafutia mguu wa kukanyaga?"

Tena, mama. Hajui kuhusu filamu.

Labda haidhuru sana nani anatajwa, maadamu watu watayasikia maneno yenyewe. Nimeiandika sentensi hiyo na kuisoma tena. Naiacha kwa kuwa sina nyingine.

Mwanao,
Evelio

*

Barcelona, 15 Machi 1978

Evelio,

Nimekuelewa. Asante kwa pole za kanari. Remei anasalimu.

S.

*

Madrid, 27 Aprili 1978

Baba mdogo Saturio,

Natumai mama mdogo anatembea. Mama amekatwa jicho la kulia, kama alivyotaka, na anaona vizuri mno. Amegundua vumbi la miaka mingi na nyumba haina amani.

Onyesho lilikuwa Jumamosi. Nakueleza lilivyokwenda, kwa mpangilio, kwa sababu ndiyo namna pekee ninayoijua.

Ijumaa wakati wa chakula nilimwambia mama kwamba kesho kuna filamu ya wafungwa waliochimba mfereji kusini. Nilisema hivyo tu. Aliendelea kukata mkate. Akauliza ni saa ngapi. Kisha akaenda kupiga pasi gauni lake jeusi.

Ukumbi ulijaa. Nilimpokea bwana Viciana mlangoni na maua yangu. Ni mtu mwembamba, mpole, ana koti lililokaa vizuri. Alinishukuru, na niliposikia sauti yake nilirudi nyuma hatua moja nikamkanyaga Don Práxedes. "Arnedo, unalala wima kama kanali?" akaniuliza. Walinikalisha mama na mimi pembeni, karibu na mlango wa dharura.

Filamu ikaanza. Baba mdogo, nilidhani nimeisikia mara nyingi kiasi kwamba haiwezi tena kunifanya lolote, na haikunifanya. Nilikaa kama gunia. Nilimtazama mama. Ulipolitaja jina la baba, alikuwa ameshika mkoba wake kwa mikono miwili. Kile kimya kikapita. Ukumbini hakuna aliyekohoa.

Mama akaniuliza kwa sauti ya chini, "Ulijua?"

Nikasema, "Tangu mwaka sabini na tano."

"Mimi tangu arobaini na sita," akasema, akarudisha macho mbele.

Baadaye kidogo akaniuliza tena. "Na huyo anayeongea, watu hawa wanajua ni nani?"

"Wanadhani ni yule bwana mwenye maua."

"Na wewe unawaacha."

Halikuwa swali.

Ilipokwisha walipiga makofi wamesimama. Bwana Viciana akapanda jukwaani, akainama. Msichana mmoja akamuuliza kwa nini alinyamaza muda mrefu baada ya jina la yule mtu wa Soria. Akasema kwamba mwigizaji lazima ajue pa kuvuta pumzi. Watu wakapiga makofi tena. Mama hakupiga. Mimi mikono yangu nilikuwa nimeikalia.

Ungenipenda zaidi kama ningekuambia kwamba nilisimama pale pale na kusema mbele ya wote. Sikusimama. Niliomba wapige makofi kwa muda mrefu, ili muda wa maswali uishe. Ukaisha.

Lakini wakati wa kutoka alipita karibu nasi, na mama hakusogea njiani. Alimzuia kwa kusimama tu, kama anavyomzuia muuza maziwa. Ikabidi bwana Viciana asimame, na mimi nilikuwa katikati yao, nami nikasema, "Bwana, sauti ile ni ya baba yangu mdogo, Saturio Arnedo."

Ilitoka kwa sauti ya kawaida. Ningeweza kuwa nauliza choo kiko wapi.

Alinitazama. Uso wake haukukasirika. Akanisogelea akauliza polepole, "Yuko hai?"

"Yuko hai. Yuko Barcelona."

"Waliponipa kazi yake ya Mmarekani waliniambia mwenyewe amekufa." Alikuwa ameyakumbatia maua yote kifuani. "Mwandishi wa gazeti alinipigia simu akasema, ni wewe, sivyo? Nikanyamaza kidogo, naye akaandika. Nilijiambia marehemu hatadai." Kisha akaongeza, "Nilijifunza kazi kwa kumsikiliza yeye. Hicho kimya hata mimi sikijui ni cha nini."

"Hata mimi," nikamwambia.

Aliomba anwani yako. Nimempa bila ruhusa yako. Amesema atakuandikia kwanza wewe, halafu gazeti. Kama ataandika kweli, sijui. Maua alimpa mama, naye akayapokea, kwa kuwa mama hatupi kitu.

Nilipogeuka, Don Práxedes alikuwa nyuma yangu na koti mkononi. Alikuwa amesikia.

"Arnedo. Baba yako mdogo."

"Ndiyo, bwana."

"Ulijua lini?"

"Siku ile ile, bwana. Ulikuwa umeketi mbele yangu. Kanali naye alijua, mkamcheka."

Nikamwona anafika taratibu mahali ambapo kanali alifika kabla yake. "Wa farasi mweupe," akasema.

"Ndiye, bwana."

Akavaa koti, akakosea tundu la mkono, akavaa tena. "Jumatatu tutazungumza," akasema.

Leo ni Alhamisi. Hajaniita. Kila asubuhi anapita mlangoni kwangu, ananiambia siku njema, namjibu siku njema. Nimefunga vitu vyangu kwenye boksi nikaliweka chini ya meza, na jioni naliacha hapo nikienda nyumbani. Sijui kama nitafukuzwa au nitapewa kahawa. Nangoja kuogopa, kama mtu aliyejigonga anavyongoja maumivu. Bado hayajafika.

Nilimwambia mama nakuandikia, akaniomba nimwachie nafasi chini ya karatasi. Tangu nilipojifunza kuandika hajawahi kukuletea salamu, ni kwa mama mdogo na kanari tu. Sikujua kama umewahi kuliona hilo. Nadhani umeliona. Alinitoa jikoni akafunga mlango, na alichokiandika sijakisoma.

Mwanao,
Evelio

Shemeji Saturio,
Nimekusikia. Umesema Gervasio alirudi kwenye theluji. Alirudi mwezi wa Juni, watu wakivuna, na alivua viatu mlangoni ili asichafue. Hukuwapo, ndiyo maana hujui. Mengine yote ni kweli.
Casilda